Mwache Apige Hodi

Qurum, Maskati
12 Machi 1999

Dada yangu Mastura,

Salamu zikufikie hapo Vuga wewe na wote walio karibu yako, hata yule jogoo wako asiyejua saa. Sisi wazima, na joto bado halijaanza kutukaanga.

Kitu chenyewe tayari, dada. Nimekirikodi jana, upande wa kwanza na wa pili. Nilijifungia chumba changu cha kushonea, feni nikaizima isivume ndani ya kaseti, jasho likanitiririka mpaka kwenye visigino. Maneno ni yako, vile vile ulivyoniandikia. Sauti ni yangu, ila nimeibana kidogo puani nisijulikane. Jina tumtie Bi Asumini.

Najua ulisema somo, kungwi wa mwari, hafanywi na mashine, na mimi nlikuwa na rai hiyo hiyo. Kwetu mwari aliwekwa ndani siku saba na somo wake, akasingwa, akaimbiwa, akafundwa mambo ya chumbani na adabu zake. Huku nani ana siku saba? Biharusi wa juzi anafanya kazi wizarani, likizo yake yote kaitia kwenye fungate. Mimi niko Qurum, yeye yuko Sib, mwengine Quriyat. Watu wa huku maisha yao yamo garini. Basi nikasema, mwari asipokuja kwa somo, somo na aingie garini kwa mwari.

Juu ya kaseti nimeandika "Mawaidha ya Nyumba", hata ikisahauliwa kwenye gari la baba mtu, hatashtuka. Na hapewi ila aliyeposwa au aliyeolewa. Hilo nimelishika kama sala.

Khulood hajui kitu. Alinisikia nasema peke yangu, nilipotoka akaniuliza, "Mama, ulikuwa unasema na nani?" Nikamwambia narikodi mapishi ya jamaa wa Dubai. Si uongo sana, dada. Na hayo pia ni mapishi.

Mdogo wako,
Mahbuba


Vuga, Unguja
2 Aprili 1999

Mahbuba mpenzi,

Kaseti imefika salama, na halwa imefika nusu. Huyo mjumbe wako mwambie tumemjua.

Tumeisikiliza mimi na Bi Kheiria mpiga ngoma ya msondo, milango tumefunga. Hiyo pua uliyoibana, bibi wee, unasikika mtu wa mafua anayetongoza! Tumecheka mpaka Kheiria akaomba maji. Lakini ulipofika pale pa kumpokea mume na kumwacha apumue kwanza kabla hujamwuliza bei ya samaki, Kheiria aliweka gilasi chini, akasema, "Huyu kafundwa." Kwa Kheiria hiyo ni medali.

Nakuletea kaseti nyengine, nyimbo zetu na ngoma, uziingize katikati ya maneno. Pia liwa, sabuni ya karafuu, mafuta ya mlangilangi na asumini kavu. Usivigawe kimoja kimoja. Tafuta vikapu vya ukili, kila kikapu tia kaseti, liwa, udi na kanga pea moja. Anayenunua kaseti kanunua maneno, anayenunua kikapu kanunua jioni nzima. Kiandike jina la Bi Asumini na usimkubali mtu akutilie mkono humo. Kazi hii ni yetu wawili.

Neno moja, nalo usinikasirikie. Khulood kesha kuwa mtu mzima. Mama hamfundi mwanawe, ndivyo tulivyokuta. Utasema na wanawali wa Oman nzima, na huyo wa ndani mwako utabaki kumwangalia. Mimi ndiye somo wake, tulikubaliana bado ananyonya. Namwomba Mungu mguu wangu huu mbovu uniruhusu siku ikifika.

Dada yako,
Mastura


Qurum
9 Novemba 1999

Dada Mastura,

Vikapu vimekwisha vyote. Wanawake wananipigia simu, wengine hawataji hata jina, "Nataka yale mawaidha," basi, simu imekatwa. Mwenye duka la kaseti Ruwi kanifuata, anataka kuichukua kazi yote, atie juu picha ya msichana kichwa wazi na awauzie vijana wa barazani. Nikamwambia Bi Asumini hana picha, ana sauti na harufu tu, na vijana wa baraza waende kwanza wakapose.

Sasa kaa kitako nikupe kisa. Biharusi mmoja wa Sib, mtoto wa watu, kazaliwa hapa hapa, Kiswahili chake cha jikoni: lete, weka, moto. Kaisikiliza kaseti wiki nzima njiani kwenda kazini. Kafika pale uliposema, "Mgeni wa usiku usimfungulie mara moja. Mwache apige hodi, apige tena, mpaka usikie moyo wako umeitika, ndipo useme karibu." Mimi na wewe tunajua mlango gani unaobishwa hapo. Yeye usiku wa harusi kaufunga mlango wa chumba kwa ufunguo!

Bwana harusi kapiga hodi. Kimya. Kapiga tena. Kimya. Biharusi kakaa kitandani na maua yake kichwani anausikiliza moyo, na moyo unakwenda mbio tu, haujaitika. Maskini bwana kaona kakataliwa, kaondoka zake kwenda kulala kwa mama yake na joho na khanjari.

Asubuhi wazee wa pande mbili wamekaa uso umewaiva. Biharusi akaulizwa kosa la mume ni nini. Akalia, "Wallah hana kosa! Bi Asumini kasema!" Mabibi wote waliokuwamo wakatazama chini, maana kila mmoja alikuwa na kaseti ile kwake.

Wamepatana, alhamdulillahi, na siku hizi mume hupiga hodi hata akiingia jikoni. Lakini dada, mafumbo yako huku hayafiki. Watoto hawa hawakukulia kwenye vibaraza vya mafumbo. Naomba uniruhusu niseme wazi, na pengine nitie Kiarabu.

Mahbuba


Vuga
28 Novemba 1999

Mahbuba,

Nimecheka, kisha nimekasirika. Fumbo mfumbie mjinga, mwerevu huligangua. Ikiwa mwari wa Sib kaenda kulitia ufunguo, kosa langu mimi? Jambo hili ukiliweka wazi kama nyama ya buchani, nani atalitamani? Nimekuandikia kwa adabu, nami nilifundwa kwa adabu, na bibi yetu alifundwa hivyo hivyo. Ukitaka kusema wazi sema, lakini jina langu usilitie.

Mastura

Barua sikuipeleka. Imekaa mezani siku mbili na hasira zangu zimekaa nayo, leo zimepoa. Sikiliza. Upande wa kwanza sema fumbo, ulitie na ngoma, uliache. Upande wa pili ulifumbue, na Kiarabu chako tia. Asiyetaka kujua hatageuza. Mwenye duka la Ruwi mwambie akauze betri.


Qurum
20 Agosti 2000

Dada yangu,

Khulood kaposwa! Kijana anaitwa Badr, mhandisi wa maji, mpole, anacheka kwa macho. Harusi Januari, baada ya Idi. Nimelia kwa furaha mpaka Khulood akaniambia, "Mama, posa ni yangu au yako?"

Furaha hii ina mwiba, na wewe ndiye wa kuambiwa. Mama yake Badr ni Bi Nasriya wa Al Bustan. Anasomesha darsa ya wanawake nyumbani kwake baada ya alasiri. Mwema, lakini mkali, hata akicheka hutia mkono mdomoni. Sasa Zakiya, binti wa jirani yangu anayekuja huko Unguja mara kwa mara, kaniletea khabari kwamba Bi Nasriya kapewa kaseti ya "Mawaidha ya Nyumba", naye kadhani mawaidha ya kweli. Kaiweka darsani, dada! Mbele ya watu! Zakiya aliondoka mwanzoni, hajui kilichotokea baadaye, na siku yenyewe haijui vizuri. Jina nililoliandika mimi mwenyewe nisijulikane ndilo lililonifikisha pabaya.

Juzi Bi Nasriya kaja kwangu na ndugu zake. Nimemimina kahawa, nusu ikaingia siniani. Kanitazama, kanitazama, kisha akasema, "Mahbuba, leo huna mafua?"

Nikamwambia, "Sijaugua mafua mwaka mzima, Bi Nasriya."

Akasema, "Mashallah," akachukua tende.

Nimesimamisha kila kitu, vikapu nimevipandisha juu ya kabati, mashine nimeifunika. Mwanangu asikose ndoa kwa ulimi wangu. Kwa mwengine nisingejali, dada, lakini Khulood anampenda kijana yule, hasemi ila namwona anavyoikimbilia simu. Na wewe njoo. Uwe somo wake, mimi siwezi, hata kumwambia habari ya liwa ulimi unaniganda. Njoo nakuomba.

Mahbuba


Qurum
3 Septemba 2000

Mama mkubwa Mastura,

Assalaam alaykum. Nisamehe Kiswahili changu, kukisema najua, kukiandika sijazoea. Zakiya anasafiri kesho na barua hii nimempa mkononi, mama asijue.

Bi Asumini namjua ni nani. Namjua tangu kaseti ya kwanza. Rafiki yangu wa benki alikuwa kaposwa, siku moja kanipa lifti, akaiweka kaseti garini. Nilimwambia azime, mimi si haki yangu, sijaposwa. Halafu nikamwambia awashe. Upande wa pili, Bi Asumini anaeleza kufukiza shuka kwa udi, na nyuma yake, mbali, msichana anapiga kelele: "Mama! Funguo za gari yangu umezitia wapi?" Bi Asumini anaendelea na shuka kama hakuna kitu.

Mama mkubwa, msichana yule ni mimi. Rafiki yangu hakunitambua, na mimi niligeuka nikatazama dirishani mpaka tukafika.

Sasa mama anamwogopa Bi Nasriya, anadhani posa itavunjika. Haitavunjika. Bi Nasriya mwenyewe kaniambia tulipokwenda Mutrah kuangalia dhahabu. Kweli kaiweka kaseti darsani, lakini zamani, miezi mingi kabla ya kuja kuposa. Wanawake wote waliganda. Yeye kanyanyuka kuizima, bibi mmoja mzee akamshika mkono: "Wacha, Nasriya. Mie nimeolewa umri mzima sikuambiwa haya." Wakasikiliza mpaka mwisho, halafu wakageuza. Ya'ni upande wa pili wote, darsani!

Baadaye Bi Nasriya kaja benki kwetu kazini kwa shughuli zake. Mimi nikamwuliza mwenzangu kwa sauti, "Funguo za kabati umezitia wapi?" Bi Nasriya akaacha kuandika, sauti ile kaisikia kwenye kaseti. Akauliza mimi ni mtoto wa nani. Kaniambia hivi, Mama mkubwa, nakuandikia maneno yake: "Nikasema, msichana huyu katoka nyumba ambayo jambo hili linasemwa, na linasemwa kwa adabu. Ndipo nikamwambia Badr." Nikamwuliza mbona hamwambii mama. Kasema bado kidogo, anapenda kumwona anavyohangaika na kahawa. Kwa hiyo yule mkali hucheka kuliko sisi sote.

Ombi langu ni jengine. Nilitaka kumwambia mama kama najua. Nilifika mpaka mlangoni kwake, nikarudi. Nikimwambia, ataona haya, na mimi nitaona haya, na hatasema tena, tutabaki kuulizana habari za biriani. Kwenye kaseti anaweza kusema. Nataka aseme na mimi. Mwambie kuna biharusi anataka kaseti yake peke yake, msichana ambaye mama yake yuko mbali. Si uongo sana. Yuko mbali kwa mlango mmoja.

Mwanao,
Khulood


Vuga
25 Septemba 2000

Mahbuba mpenzi,

Hongera, na hongera tena! Kheiria kapiga vigelegele mpaka jogoo kawika, na safari hii alikuwa na sababu.

Mguu umekataa. Daktari kasema nisipande hata ngazi, sembuse ndege. Nimelia, nimekwisha, usinilize tena. Khulood atafundwa, hilo niachie mimi. Nna njia yangu na usiniulize.

Mkweo yule, mtu akikuuliza mafua yako ni kwamba anakutakia afya. Mimi nakwambia shusha vikapu. Lakini nakujua, hutashusha. Basi nifanyie moja tu. Yuko mwari wa jamaa zetu, jina nimeapa kutolitaja. Mama yake yu hai lakini yuko mbali naye, hawezi kusema naye mambo haya. Anaomba kaseti yake mwenyewe, isiuzwe, isisikilizwe na mwengine. Usisome maneno yangu, mimi sijui anachokihitaji. Sema yako. Na usibane pua, mwari huyu ana masikio mepesi. Ukimaliza mpe Zakiya, anajua pa kuifikisha.

Mastura


Qurum
19 Novemba 2000

Dada yangu,

Nimefanya ulivyoniambia, kaseti kaichukua Zakiya leo.

Nilidhani nitasema robo saa. Nimesema mpaka mashine imejizima yenyewe, nikageuza, nikasema tena. Sijui yule mtoto ni nani, lakini nilipofikiri kwamba mama yake hawezi kumfikia, nilimwonea huruma, na yule mama nikamwonea huruma zaidi. Nikasema naye kama mwanangu. Nimemwambia asiogope. Nimemwambia ana haki ya kutaka na ana haki ya kutotaka, na raha si ya mume peke yake, Mungu kaigawa kwa wawili. Nimemwambia kucheka chumbani si utovu wa adabu. Hayo hatukuyaandika popote, wala hayana fumbo.

Nimemwambia na jambo ambalo sijamwambia mtu, hata wewe. Marehemu mume wangu Thani, tangu usiku wa kwanza mpaka mwaka aliotuacha, hakuwahi kuingia chumbani bila kugonga kwa kidole kimoja. Nyumba yake, chumba chake, mlango uko wazi, atagonga kwenye fremu, atasema "hodi" polepole, na hatatia mguu mpaka niseme karibu. Nje hakuna aliyemsikia, hata Khulood, yeye anamjua baba yake mtu wa salaam alaykum na gazeti tu. Nilikuwa namcheka. Sasa hakuna anayenigongea. Nikamwambia mwari, yule biharusi wa Sib tuliyemcheka hakukosea yote. Kosa lake ni ule ufunguo tu.

Nimelia kidogo mwishoni na sikuifuta. Na yamchafue, mtoto wa watu, hayo machozi yangu.

Khulood kazidi kuwa mkimya siku hizi. Leo jioni alinikuta jikoni, akanikumbatia kwa nyuma. Nikamwuliza, "Umegonga gari?" Akasema hapana.

Nasikitika sana wewe kutokuwapo. Nani anamfunda huyu mtoto? Umesema nisiulize, siulizi. Lakini nnauliza.

Mahbuba


Qurum
30 Januari 2001

Mastura, mzandiki wee!

Umenificha, umenicheza, na huko najua unacheka na Kheiria wako. Mguu upone upesi, maana nikija huko utauhitaji wa kukimbilia.

Nakupa kwa mpango. Harusi imepita vizuri, Badr alisahau maneno ya kujibu kadhi mpaka akakumbushwa, na watu walikula wakabeba. Wakati wa kuaga Bi Nasriya kanivuta kando. Nikasema moyoni, haya, ndiyo leo. Akaniambia sikioni, "Darsa yangu wanataka vikapu. Kila mmoja chake. Na ile kaseti yetu upande wa pili umechakaa kwa kugeuzwa, tupe mpya." Kisha kacheka, dada, mkono hakuutia mdomoni. Kumbe mwanamke yule ana mwanya!

Nikarudi nyumbani nashukuru, nikadhani kisa kimekwisha hapo. Fungate nzima nilikuwa nakaa na wasiwasi mwengine: mwanangu kaenda kwa mumewe, na mimi, Bi Asumini mzima, sijamwambia neno moja.

Leo asubuhi wamerudi. Nilikuwa chumba cha kushonea, nimeshusha vikapu, natia udi kwenye vijaluba, mlango nimeuacha wazi kwa ajili ya upepo. Nikasikia gari, nikasikia viatu vyake. Unamjua Khulood, toka anajua kutembea huingia kwangu kama upepo wa kusi, anauliza kitu alichokipoteza. Nikangojea, "Mama, iko wapi?"

Hakuuliza. Alisimama nje ya mlango ulio wazi. Akagonga kwenye fremu, kwa kidole kimoja.

"Hodi," akasema, polepole.

Mikono ikanisita kwenye udi. Nilitaka kunyanyua uso, sikuweza. Akagonga tena, vile vile, na sasa nikamjua yule mwari ni nani, na mama aliyekuwa mbali ni nani, na kaseti ile na machozi yangu yote ilipokwenda. Haya zilinipanda mpaka masikioni. Na yeye hakuingia, dada. Hakucheka, hakunihimiza. Akasimama kama baba yake.

Nikausikiliza moyo wangu kwanza, kama tunavyowafundisha watoto wa watu. Ulikwisha itika zamani. Nikanyanyua uso nikamtazama mwanangu.

Nikasema, "Karibu."

Mdogo wako,
Mahbuba